Vinayak Amshauri Mjane Aondoe Shauri

Vinayak Dhote hakuwa wakili. Alikuwa na koti jeusi la mtumba, na mbele ya Mahakama Kuu ya Nagpur koti la namna hiyo linatosha kumlisha mtu. Mwenyewe aliwaambia rafiki zake kwamba shahada yake ina vifungo vinne, na kimoja kimeshakatika.

Asubuhi moja alimkuta Mama Indumati, mjane mwenye kinu cha mafuta, akinywa chai huku amekumbatia faili. Benki ilimdai mkopo wa marehemu mumewe. Yeye alishikilia kwamba ulishalipwa. Nyumba yake ilikuwa imetangazwa mnadani, akafungua shauri, na mahakama ikauzuia mnada kwa muda.

Vinayak hakuona mjane. Aliona nyumba ya rupia laki sitini imevaa ndala.

Akaketi, akamweleza kwa upole kwamba Mahakama Kuu si mahali pa madeni. Aliondoe shauri, aende Baraza la Madeni. Ushauri huo, kwa aibu ya mtoaji, ulikuwa sahihi kabisa. Alichonyamazia ni kwamba shauri likiondoka na zuio linaondoka, na kabla Baraza halijaamka, mnada unaweza kupita.

"Wewe ndiye unayejua, mwanangu," mama akasema. "Mimi najua mafuta tu."

Jumatatu shauri likaondolewa. Vinayak akawazungukia wanunuzi wote wa mjini, akiwanong'oneza kwamba nyumba ile ina kesi, ina nyoka, na marehemu bado anakohoa ghalani. Akauza pikipiki, akaweka rehani bangili za mkewe. Jumatano alisimama mnadani peke yake, akainunua kwa laki kumi na nane, akalipa robo papo hapo. Njiani alijipongeza kwa sauti, kwa kuwa hapakuwa na mtu mwingine wa kumpongeza.

Ijumaa akaletewa wito. Barazani alimkuta Mama Indumati kaketi na wakili wa kweli. Mwenyekiti aliuliza nyumba ya laki sitini imeuzwaje laki kumi na nane, tena kwa mnunuzi mmoja. Akasimamisha mauzo, na fedha ya mnunuzi akaagiza ikae benki mpaka shauri liishe. Karani alikisia miaka sita.

Vinayak alimfuata mama kwenye korido. "Ulinijua tangu lini?"

"Jaji alishanionya kwamba shauri langu litatupwa nisipoliondoa. Wakili naye akasema Barazani hatuna cha kuonyesha kwamba benki inauza kwa bei ya kutupa. Siku ile ya chai nikamwambia asubiri, nimempata mtu wa kuinunua kwa bei hiyo."

"Na sasa mimi ni nani humu?"

"Mdaiwa namba mbili, baada ya benki. Uwe unakuja mapema, mwanangu, viti huwa vichache."

Vinayak alijicheka mpaka mlinzi akamwomba atoke. Kisha akaenda nyumbani kumweleza mkewe, kwa miguu, akipita njia ndefu.