Siku Tatu kwa Chawa Mmoja

Jumatatu, 3 Machi

Chawa! Darasani kwangu! Nimeinama kusahihisha daftari la binti wa fundi cherehani, namwona huyo, anatembea juu ya utepe wa nywele bila haraka yoyote. Mnene! Nikaruka nyuma, nikagonga meza, wino ukamwagikia daftari za watoto kumi. Darasa zima kicheko. Wanacheka nini? Huu ni msiba.

Au ni bahati. Nafasi ya msaidizi wa mwalimu mkuu iko wazi, na Ijumaa, kwenye mkutano wa wazazi, Mwalimu Mkuu atamtangaza wa kuijaza. Tumebaki wawili. Mimi, mwalimu wa afya na usafi kwa miaka kumi na moja. Na mwalimu wa hesabu wa chumba cha pili, ambaye ofisini tunamwita Bi Taratibu, maana hata moto ukiwaka atauliza kwanza ndoo iko wapi. Msaidizi ana ofisi yake, yenye mlango. Mimi miaka yote hiyo nimebanwa mbele ya kabati la ramani, na kila anayetaka ramani ananiomba nisimame.

Saa nne nilikuwa kwa Mwalimu Mkuu na mpango wangu mkononi. Vichwa vikaguliwe, shule nzima. Yeyote atakayekutwa na chawa arudi nyumbani siku tatu. Nimeuandika na kuutia saini. Bi Taratibu naye alikuwepo, na angewezaje kunyamaza? Alisema chawa haruki wala hapai, anahama kichwa kikigusana na kichwa. Kwamba akionekana leo, ujue yuko hapo wiki nzima au zaidi, sasa kumtoa mtoto shule leo kunasaidia nini. Kwamba dawa ni kulowesha nywele na kuzichana kwa kitana chembamba, mtoto anaendelea na masomo. Kwamba majaribio ya nusu muhula yanaanza keshokutwa. Nikamwambia Mwalimu Mkuu kwamba shule ina watu wa huruma na watu wa msimamo, achague. Akachagua msimamo. Safi kabisa!

Jioni nikamsimulia mke wangu. Yeye ni msusi, saluni yake iko chumba cha mbele cha nyumba yetu. Aliendelea kusuka. Akasema yule mwalimu wa hesabu amesema kweli tupu. Mke wangu wa ndoa! Nimekula kimyakimya, nikaondoa sahani yangu mwenyewe ili aone nimekasirika. Hakuona.

Jumanne, 4 Machi

Ukaguzi. Glavu, rula mbili za kugawia nywele, filimbi, kipaza sauti. Niliwapanga uwanjani, maana fundisho lisiloonekana si fundisho. Wamepatikana wanne. Wa kwanza yule yule binti wa fundi cherehani, anayeongoza darasa langu, hajakosa shule hata siku moja tangu Januari. Nikalitangaza jina lake. Akachukua mkoba, akatembea mpaka getini bila kumtazama mtu.

Kisha msichana mmoja wa darasa la sita akanyoosha mkono na kuuliza, kwa adabu zote, kama hao wanne basi watakosa majaribio. Nikamjibu kwa ukali kwamba watayakosa yote, na watajuta! Minong'ono ikapita mstarini kutoka mwanzo hadi mwisho. Nikajua wameingiwa na woga.

Mchana muuguzi wa zahanati alileta karatasi ya maelekezo. Ati mtoto mwenye chawa asiondolewe shule, na asitajwe mbele za watu. Nimeitia kwenye droo. Binti mwenyewe kamaliza chuo juzi tu, halafu aje anifundishe mimi usafi!

Jumatano, 5 Machi

Kumi na tisa! Jana hao hao walikuwa wasafi, niliwapekua kwa mkono wangu! Na hakuna aliyelia. Mmoja kanishukuru. Kaniambia asante sana mwalimu, akaondoka anarukaruka, na jaribio la hesabu lilikuwa linaanza baada ya nusu saa.

Mapumziko nikazunguka nyuma ya vyoo. Wasichana watano, wamekaa duara, vichwa vimegusana, wametulia tuli. Nikapuliza filimbi. Wakasema wanajisomea. Kujisomea bila kitabu! Na katikati yao nani? Yule yule wa darasa la sita, mwenye swali la adabu. Kumbe ni mtoto wa kinyozi! Ana kiberiti, na ndani ya kiberiti chawa wanne wazima. Anawauza! Dume kwa penseli mpya. Jike kwa kufanyiwa kazi za nyumbani wiki nzima, kwa sababu jike anataga. Nikamuuliza anawatofautishaje. Akanieleza moja baada ya jingine, miguu, tumbo, mkia. Sayansi huwa anapata sifuri, huyo!

Nimekinyang'anya kile kiberiti, nikakitia mfuko wa shati. Ushahidi.

Chumba cha Bi Taratibu, hakuna hata mmoja aliyeondoka. Inawezekanaje? Nikachungulia dirishani. Amesogeza kabati la vitabu, na nyuma yake anamwita mtoto mmoja mmoja, wote, mwenye nao na asiye nao, anamlowesha nywele, anamchana, huku anamuuliza sehemu za kumi. Wengine wanaandika. Nje hakuna anayejua nani kakutwa na nini. Huku si kuficha wagonjwa ni nini? Nimeandika ripoti ya kurasa tatu. Mwalimu Mkuu kasema ataisoma akipata nafasi.

Alhamisi, 6 Machi

Asubuhi kaja fundi cherehani, futi bado iko shingoni. Nikajiandaa kwa vita. Hakupigana. Alisema binti yake amejikata nywele zote kwa mkasi wa vitambaa, na tangu juzi hatoki chumbani. Alisema hakuja kugombana na mwalimu, alitaka tu kujua kwa nini nilitumia kipaza sauti. Nikamwambia ndio utaratibu. Akasema haya mwalimu, akaenda zake. Si bora angenitukana! Mtu akikutukana nawe unapata la kusema. Chai imenishinda, na kosa si langu.

Leo wametoka thelathini na wanane. Madarasa yamebaki madawati. Na wanakwenda wapi hao? Kwa mke wangu! Saluni imejaa hadi barazani. Mjini wanasema mume anatafuta chawa, mke anawatoa, nyumba moja, biashara moja. Baba mmoja kaapa ameniona nikiwapandikiza kwa rula. Mimi! Mke wangu kaniambia mgongo umemfia, na kila anayekalia kiti chake anamuuliza tunagawana vipi. Akaniuliza nina akili timamu. Nikamwambia nadai heshima. Akanipa ufagio nifagie nywele.

Nilikuwa nimeshaitwa na Mwalimu Mkuu pia. Hakupandisha sauti, na hiyo ndiyo mbaya. Kesho wazazi wanakuja na nusu ya shule haipo. Akasema nitengeneze mambo, basi. Kabla kengele ya mwisho haijalia nilikuwa nimetengeneza! Tangazo jipya, limepelekwa kila nyumba: kesho wenye chawa wote warudi shuleni wafanye majaribio, na walio wasafi ndio watakaopumzika nyumbani. Nani atataka chawa tena? Wataoga wenyewe! Sijui kwa nini watu wengine hawafikirii hivi.

Ijumaa, 7 Machi

Sitaki kuandika. Lakini nisipoandika nitapasuka.

Saa moja getini, mstari mrefu. Nywele mbichi, harufu ya sabuni, vichwa vinang'aa. Nikakagua vyote. Hakuna chawa! Hakuna yai! Machozi yakanilengalenga. Wakanishukuru, wakageuka, wakaondoka. Wote. Nikapuliza filimbi. Mtoto wa kinyozi akanikumbusha, kwa adabu, kwamba tangazo ni langu.

Saa tatu wazazi wanaingia, watoto wao wanapishana nao barabarani. Shule nzima imebaki na chumba kimoja chenye watu. Nadhani sina haja ya kusema cha nani. Aliwaambia wake kwamba tangazo la kwanza na la pili hayawahusu, waje kama siku zote. Na kwenye dawati la mbele, kajifunga kitambaa kichwani, binti wa fundi cherehani. Bi Taratibu alimfuata kwao jana, wakakaa chumbani wawili saa nzima. Leo anafanya majaribio yote aliyoyakosa. Wazazi walijazana dirishani, hata mkutano ukachelewa. Binti hakuinua uso, alikuwa anaandika tu. Mama yake alikuwa nyuma yangu. Nikasogea mbele.

Ukumbini nikaomba nafasi ya kujieleza. Nikasema kuna njama. Nikasema kuna soko la siri. Nikasema ninao ushahidi, nikatoa kiberiti mfukoni, nikakifungua mbele ya kila mtu.

Kitupu.

Ukumbi ukanitazama. Na hapo hapo, nisingeweza kujizuia hata kama ningefungwa kamba, nikajikuna. Nyuma ya sikio. Kwa nguvu. Muuguzi akainuka kiti cha mbele, akaniomba samahani, akanigawa nywele kwa rula yangu mwenyewe. Akaitikia kwa kichwa tu, na watu mia wakaelewa.

Bi Taratibu ndiye msaidizi. Walimpigia makofi kwa kusimama. Kisha Mwalimu Mkuu akasoma mpango wangu, wenye saini yangu: yeyote atakayekutwa na chawa. Yeyote! Siku tatu. Muuguzi akapinga, akasema hata mtu mzima hapaswi kuondolewa. Bi Taratibu naye akapinga. Kwa mara ya kwanza niliona wanawake hawa wana akili. Mwalimu Mkuu akakataa. Akasema yeye ni mtu wa msimamo.

Jumatatu, 10 Machi

Siku ya kwanza nyumbani. Mke wangu kanikalisha saluni, kiti cha dirishani, kanichana mbele ya wateja. Anahesabu kwa sauti! Wamefika kumi na saba. Watu wanapita, wanachungulia, wanapungia mkono. Nimemwambia huu ni udhalilishaji, kwamba mtu hawezi kuanikwa hivi hadharani kwa jambo ambalo hakulitaka. Akasimamisha kitana. Akaniuliza kama nimejisikia nilichosema. Nimejisikia vizuri sana, na narudia: udhalilishaji! Mimi ni mtu mzima. Mtoto angesahau kesho yake.

Alhamisi, 13 Machi

Nimerudi. Bi Taratibu kanipokea vizuri, na hilo limenikera zaidi. Alisema kazi ya chawa ataimaliza yeye na muuguzi, kimyakimya, na kwamba mtu mwenye bidii kama mimi asikae bure. Shule ina tatizo la wachelewaji. Je, ningependa kulishughulikia? Ana hofu nami, ndiyo maana ananibembeleza.

Nimefikiri siku nzima, nimepata jibu. Rahisi mno, nashangaa hakuna aliyeliona. Kesho saa moja kamili nasimama getini. Atakayechelewa hata dakika moja, namrudisha nyumbani, asikanyage hapa mpaka Jumatano. Tuone kama kuna mtoto atakayethubutu kuchelewa tena!