Muungano Wangu na Mshonaji

Jumatatu, tarehe 6
Leo kwenye darasa la watu wazima Mwalimu kaandika ubaoni: MUUNGANO WA SETI. Moyo paa! Mimi fundi saa, mseja mkongwe, neno hilo nalisubiri miaka. Nikamtupia jicho Mshonaji, benchi la mbele, uzi mweupe umenasa begani. Laiti ningekuwa uzi! Mwalimu kasema kila mmoja aandike seti ya namba nne, kisha tuende ubaoni wawili wawili. Watakaopatia watakaa benchi moja hadi mtihani. Benchi moja! Nikachungulia za Mshonaji: 3, 5, 8, 12. Nami nikaandika 3, 5, 8, 12. Akili ni nywele, kila mtu ana zake.

Jumanne, tarehe 7
Nimemwambia Mshonaji namba zetu zimefanana, kudra tu. Kacheka, kakubali twende ubaoni pamoja. Dobi, mwanafunzi mwenzetu, naye alikuwa anambembeleza. Pole zake! Shati langu nimempelekea yeye huyohuyo alipige pasi. Furaha imenipumbaza.

Jumatano, tarehe 8
Shati lina alama ya pasi kifuani. Dobi anaapa ni bahati mbaya. Mshenzi!

Ubaoni nikaunganisha kwa mahaba: 3, 3, 5, 5, 8, 8, 12, 12. Kila namba na mwenzake. Darasa zima hoi kwa kicheko. Mwalimu akasema namba iliyomo kwenye seti zote mbili huandikwa mara moja tu. Akafuta zangu. Zote! Zikabaki za Mshonaji, vilevile kama kabla sijasimama. Mshonaji akaniuliza, kwa upole, sasa kaka yangu umeongeza nini. Kaka! Heri angenitukana.

Alhamisi, tarehe 9
Leo kaenda ubaoni na Dobi. Namba za Dobi: 1, 5, 6, 20. Muungano wao: 1, 3, 5, 6, 8, 12, 20. Tano wanayo wote wawili, wakaiandika mara moja. Mshonaji akapiga makofi. Wamehamia benchi moja. Nimeumia, sifichi.

Baada ya darasa nikamfuata, nikamwambia ukweli: nataka kukaa karibu naye, basi. Akasema Jumatatu nilete namba zangu mwenyewe, za moyoni mwangu, tujaribu tena. Tukipatia, atahamia kwangu. Nimerudi nyumbani naelea.

Jumamosi, tarehe 11
Tangu asubuhi nimekaa dukani na saa ya mteja mkononi, sijaifungua. Namba zangu mwenyewe ni zipi? Nikiandika, inakuja 3. Nafuta. 8. Nafuta. Jamani, nimemtamani huyu mtu mpaka sina changu.

Mara, nikang'amua! Kosa langu lilikuwa kuiga namba zake. Nani anajipigia makofi mwenyewe? Alizopigia makofi ni zile za Dobi. Basi nimeandika kwa wino, kwa mwandiko wa kupendeza: 1, 5, 6, 20. Safari hii hawezi kunikataa.