Mtoto Asiyesema Neno

Jumatatu, 1 Machi 1948
Balaa. Leo tulipiga filamu, tukio la stesheni ya treni. Nilitakiwa kulia, "Mama, usiniache!" "Mama" ilitoka kwa sauti ya mtoto. "Usiniache" ikatoka ya baba mwenye watoto watatu. Wapiga picha wakacheka. Mwongozaji wetu, Bwana Hathersage, hakucheka. Kaniuliza nina miaka mingapi. Nikasema kumi. Nina kumi na tatu na nusu. Akatazama miguu yangu mirefu.

Nikiondolewa kwenye filamu narudi shule. Kule wananiita Bi Desmond, kwa sababu ya poda ya kuigizia.

Jumanne, 2 Machi
Ameletwa mtoto mwingine, Rodney Tibbs, "kutazama tu". Miaka tisa. Pengo mbele. Sauti kama filimbi. Kaniuliza kwa heshima zote, "Kaka, wewe ndiye unayecheza baba?"

Jioni Mama kanisugua koo kwa mafuta ya bata bukini ili sauti isishuke. Imeshuka. Nanuka kama bata wa Krismasi.

Jumatano, 3 Machi
Nimepata wazo! Nilimfuata Bwana Hathersage kwenye chai. Nikamwambia mtoto wa kwenye filamu awe amenusurika bomu, hofu ikamfunga ulimi. Asiseme neno filamu nzima. London yote italia.

Akaweka kikombe chini. Kasema hilo ni wazo la mtu mzima. Akanipa mkono!

Nikamkonyeza Rodney. Filimbi yake sasa atampigia nani?

Ijumaa, 5 Machi
Mtoto bubu ni Rodney.

Bwana Hathersage kanieleza kwa upole. Kumcheza bubu hakuhitaji mzoefu wa kusema, kunahitaji uso mdogo. "Lakini wazo ni lako, Desmond. Sitalisahau."

Mimi nimepewa kucheza mleta maziwa. Nina maneno mawili: "Maziwa, bibi." Mama kalia kwenye basi mpaka nyumbani Croydon. Nilimwambia walau mimi nasema.

Jumatatu, 8 Machi
Mleta maziwa hana uzito. Nimewaza Jumapili nzima. Leo nikamwendea Bwana Hathersage: je, kama jamaa huyu aliumia vitani, anachechemea, chupa zinagongana kila hatua?

Kafurahi mno. Kaniuliza kama namfahamu mtu anayechechemea kwelikweli. Nikamtajia mjomba Wilfred, aliyepigwa risasi ya goti kule Italia. Akaandika jina na anwani.

Bila shaka anataka nikajifunze kwake.