Joka Lililopunjwa Dakika Hamsini

Haya nimeyapata kwa mkaza mwanangu, anayekata tiketi pale ukumbini, Jumanne tulipokuwa tukifua.

Ilitangazwa kwa vipaza sauti kwamba Idara ya Urefu wa Filamu imegundua dhuluma kubwa. Ile filamu ya joka na mfalme, iliyotazamwa mwaka mzima, ilipungua dakika hamsini! Lipo toleo refu. Wananchi wamepunjwa joka.

Mwenye ukumbi, wanayemwita Mama Sinema, akaitwa ofisini aende na kibali chake.

"Mama, kwa nini umepunguza joka?" Mkurugenzi wa Idara akauliza.

"Si mimi, baba. Wenyewe waliotengeneza ndio waliokata, watu wasichoke kukaa. Lile refu wanatembea mlimani, wanakula, wanaimba, wanatembea tena."

"Na kutembea huko ni mali ya umma!"

Mkurugenzi alikuwa na lake moyoni. Katika filamu ile alimpenda Mshauri wa Mfalme, anayetokea mara moja tu, akatamka neno la hekima, akaondoka. Picha yake ilibandikwa kila mlango wa idara: Mtumishi wa Mfano. Katika toleo refu si atang'aa zaidi?

Likatoka agizo. Toleo refu lionyeshwe asubuhi, idara nzima ihudhurie, milango ifungwe. Ikikatwa hata sekunde, kibali kimefutwa.

Mama Sinema akawasha mashine, roho juu. Kibali hicho ndicho kilichowasomesha wanawe.

Mshauri akatokea: anasinzia barazani. Akatokea tena: joka limeingia, yeye yuko chini ya meza. Mara ya tatu, mfagiaji anamnong'oneza lile neno la hekima, naye huyo, mbio kwa mfalme, analisema kama lake.

Dada mpiga chapa, anayemtungia Mkurugenzi hotuba zote, akaangua kicheko. Ukumbi mzima ukampokea.

"Kata hapo, mama! Kata!" Mkurugenzi akapiga kelele.

"Nikate, baba? Na kibali changu?"

"Kilete!" Akakigonga muhuri, miaka mitano.

Mama Sinema akapuliza wino, akakitia kifuani. "Sasa naomba barua ya kutengua agizo, nakala tatu."

"Dada, andika barua!"

"Ngoja kwanza, bosi, hapa ndipo panaponoga."

Wakatazama mpaka jina la mwisho, na Mkurugenzi akiwemo, maana milango ilifungwa kwa nje kwa agizo lake mwenyewe, na funguo zikapelekwa ofisini.

Walipofunguliwa, walitoka wakicheka mpaka barabarani. Mama Sinema akazima mashine, akavua viatu, akajinyoosha kwenye viti vya nyuma, kibali kifuani, usingizi ukamchukua mchana kweupe.