Godoro la Commandant na Macho Yangu Mawili

Jumatatu, 7 Mei 2001. Butembo.

Leo nimekuwa mtu wa maana. Saa mbili asubuhi askari wawili walinifuata darasani, nikiwa na wanafunzi wa mwaka wa sita katikati ya somo la mashaka, yaani: tunajuaje kwamba tunachokiona kipo kweli? Wakasema commandant ananihitaji. Niliwaambia wanafunzi waendelee kutilia mashaka mpaka nirudi. Walifurahi sana.

Commandant Elikia, mtu wa jimbo la Équateur, ndiye mkubwa wa askari wa mtaa wetu. Jumamosi alfajiri godoro lake liliibwa uani, lilipokuwa limeanikwa. Godoro nene, la povu, lilitoka naye Kisangani. Tangu siku hiyo analala juu ya mbao, na sura yake inaonyesha. Alikuwa amesikia kwamba jana, baada ya misa, nilisema mbele ya watu kwamba nilimwona mwizi.

Ni kweli nilisema. Jumamosi nilimwona Mbusa, jirani yangu wa ukuta kwa ukuta, ndani ya ukungu, anasukuma chukudu yake, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, na godoro juu. Commandant aliuliza umbali. Hatua sitini. Akauliza kama nina uhakika. Nikamjibu kwamba macho haya yana miaka hamsini na mbili na hayajawahi kuvaa miwani.

Hapa, kwa kuwa daftari ni langu, niseme ukweli. Jumanne iliyopita Mbusa alinishinda kwenye dame, ule mchezo wa drafti, mara tano mfululizo, kisha akasema mbele ya mke wake kwamba prof haoni tena kete za pembeni. Tangu siku hiyo hatusalimiani. Donc nilitaka tu watu wajue kwamba naona. Sikudhani watamkamata.

Saa sita wamemkamata.

Jioni alikuja mke wake, Kanyere. Hakupiga kelele, na hilo ndilo lililonitisha. Alisema mume wake aliondoka Alhamisi kwenda Kyavinyonge, kule ziwani, kutafuta samaki wa karamu, akarudi jana jioni. Alimweleza commandant hivyo hivyo, commandant akamjibu kwamba kila mwizi aliyeoa huwa yuko safarini. Na Jumamosi hii wakwe wanaleta mbuzi wa mahari ya Solange, binti yao. Baba akiwa cachot, ndani ya mahabusu, hakuna wa kuwapokea. Mbuzi watarudi walikotoka, na maneno yatabaki juu ya mtoto. Aliuliza swali moja tu: "Prof, ulimuona kweli?"

Nikasema kweli. Alipoondoka nikakumbuka ninafundisha nini.

Jumanne, 8 Mei.

Mpango ni rahisi. Kama hakuna mtu anayeweza kuwa na uhakika wa anachokiona, basi mimi pia sina, na Mbusa atoke. Miaka ishirini na tatu nafundisha somo hili na leo ndiyo mara ya kwanza litamsaidia mtu.

Nilibeba beseni la maji na fimbo. Bahati mbaya, kwenye bureau ya commandant nilimkuta Étienne Ilunga, mwalimu wetu wa fizikia, Mkatanga, ameitwa kutengeneza redio. Ilunga anaamini kwamba filozofia ni ugonjwa wa watu waliofeli hesabu.

Nilitumbukiza fimbo majini. Nikamwomba commandant atazame. Imepinda, sivyo? Nikaitoa. Imenyooka. Donc jicho linadanganya. Nikaendelea: hatuvioni vitu vyenyewe, mon commandant, tunaona picha zake tu ndani ya kichwa, na nyuma ya picha hatuwezi kwenda kuchungulia. Nilichokiona Jumamosi ni picha.

Commandant aliitazama fimbo, kisha maji. Akauliza picha hiyo ilikuwa ya nani.

Nikasema ya Mbusa.

Akasema, bon, basi tumemkamata mwenye picha.

Ilunga alicheka mpaka akaangusha bisibisi. Kisha, bila kuulizwa, akaeleza jinsi mwanga unavyopinda ukiingia majini, na kwamba ukijua hesabu yake unaweza kusema fimbo imenyooka hata kabla ya kuitoa. Kwa hiyo jicho halidanganyi, linahitaji tu mtu mwenye akili nyuma yake. Akanitazama kwa huruma. Commandant alimpa sigara. Mimi alinipa fimbo yangu.

Jumatano, 9 Mei.

Mpango wa pili: ndoto. Hakuna alama yoyote ya hakika ya kutenganisha kuota na kuwa macho. Nilimwambia commandant kwamba huenda Jumamosi alfajiri nilikuwa bado kitandani naota. Tena huenda hata sasa tunaota, yeye na mimi, na godoro halikuwahi kuwepo.

Hapo nilikosea. Alisimama, akashika kiuno, akasema taratibu: "Mwalimu, mugongo yangu hapana ota. Mugongo yangu inajua." Kusema kweli, katika vitabu vyote vya seminari sikuwahi kukutana na jibu lenye nguvu hivyo. Nalinukuu hapa kwa ajili ya darasa.

Kisha akatoa uamuzi. Hataki tena maneno. Atapima macho yangu. Kama ni mazima, ushahidi ni mzima, Mbusa anabaki mpaka aseme godoro liko wapi. Kama ni mabovu, Mbusa anatoka leo leo.

Mungu wangu, mlango ulikuwa wazi. Kilichotakiwa ni kukosea tu. Mtoto mdogo angeweza.

Tukatoka nje. Askari walipima hatua sitini wakamwaga mahindi kidogo, kuku wakaja. Watu wakakusanyika. Ilunga akaja na mikono mfukoni. Commandant akauliza naona nini. Nilifungua mdomo niseme naona ng'ombe. Ndipo nikamsikia Ilunga anamnong'oneza jirani yake kwamba masikini, prof amekwisha, huyu hata ubao haoni, wanafunzi wanamsomea.

Nikasema: kuku saba. Sita majike, jogoo mmoja, mwekundu, anachechemea mguu wa kushoto, na jike la mwisho limenyonyoka shingo.

Walienda kuhesabu. Ilikuwa hivyo kabisa. Watu wakapiga makofi. Nami, Bwana anisamehe, niliinama kidogo kushukuru.

Nilipoinua kichwa nikamwona Kanyere kati ya watu. Yeye hakupiga makofi.

Alhamisi, 10 Mei.

Alfajiri Kanyere aligonga. Akanipa sufuria ya bugali na sombe, majani ya muhogo, iliyofungwa kwa kitambaa. Kwetu mfungwa analishwa na watu wake, na Kanyere alisema kwamba kuanzia leo mtu wa Mbusa ni mimi. Yeye alikuwa anaenda sokoni kwenye phonie, ile redio wanayotumia wafanyabiashara, kumtafuta Rébecca, mwanamke anayemuuzia Mbusa samaki kule Kyavinyonge. Alisema atanikuta huko huko cachot.

Ukungu ulikuwa mzito. Nilipofika nilimwona Mbusa ameketi nje kwenye benchi kando ya moto, mgongo kwangu, na ile kofia yake ya sufu ya bluu imeshuka hadi masikioni. Nikafurahi kwamba wanamruhusu kuota moto. Nikaona aibu ikinipanda. Nikasimama nyuma yake nikaanza kuomba msamaha. Nilisema kila kitu. Dame, kete za pembeni, wivu wangu, kuku. Nilisema pia kwamba yeye ni rafiki pekee niliyebaki naye tangu nitoke seminari. Nadhani nililia kidogo.

Aligeuka. Alikuwa askari wa zamu, kijana wa Kindu, tena amefurahishwa. Aliniambia "Pole, papa," akapokea sufuria. Nikamuuliza kofia ameitoa wapi, kwa sauti ya mtu aliyeibiwa. Akasema sokoni, kwa mama Orpa. Balo ya mitumba ilifunguliwa mwezi jana na ndani zilikuwa za bluu tupu. Nusu ya mji unazivaa kwa sababu ya baridi.

Kanyere alikuwa amesimama nyuma yangu. Sijui tangu lini.

Mbusa mwenyewe alikuwa ndani, kichwa wazi, anacheza dame na wafungwa wengine kwa vifuniko vya chupa. Anawashinda wote. Nilimpa kilichobaki kwenye sufuria. Alinitazama akasema: "Ah, prof. Leo umeniona?" Alikula polepole, kisha akauliza kama kuna mtu wa kufunga kamba za mbuzi Jumamosi, kwa sababu upande wa uani ukuta umeanguka. Nikasema nitafunga mimi. Akasema asante. Ingekuwa afadhali angenipiga.

Ijumaa, 11 Mei.

Rébecca alifika saa nne juu ya camion, lori la samaki. Mwanamke mpana, mjane, sauti ya mtu aliyezoea kuita mitumbwi. Alikuja na wauzaji wenzake wawili. Wote watatu walimwambia commandant kwamba Jumamosi kulipopambazuka Mbusa alikuwa ufukweni Kyavinyonge, anabishana juu ya tilapia, na wanakumbuka kwa sababu alibisha mpaka jua likatoka.

Commandant alionekana kulegea. Mambo yalikuwa yamekwisha. Kisha akanigeukia, kwa heshima, akauliza: wewe prof, mtu wa kazi hii, ushahidi wa hawa mama unatosha?

Ningesema ndiyo. Neno moja.

Nikasema, en principe, yaani kwa kanuni, tunapaswa kutofautisha. Macho sita yanaweza kudanganyika kama mawili, tena wao pia wanaona picha tu. Na zaidi ya hapo commandant hakuona, amesikia wakisema kwamba waliona, ambalo ni jambo la daraja la chini zaidi... Rébecca aliniuliza kama mimi ni mtu wa Mbusa au mtu wa godoro. Ilunga, ambaye redio yake sasa imekuwa kazi ya wiki nzima, alifunika uso kwa mikono. Commandant alianza tena kushika kiuno. Akasema sasa hajui lolote, na mtu asiyejua hafungui mlango.

Ndipo Kanyere akasogea mbele. Aliomba ruhusa kuniuliza mimi, mbele ya wote. Aliniita mwalimu, na kwa kawaida huniita prof.

"Mwalimu, ile siku ya kwanza, uliona nini?"

Nikasema Mbusa.

"Uliona sura?"

Nikasema hapana, alikuwa amenipa mgongo.

"Ulisikia anaongea? Uliona ile kovu ya mukono?"

Hapana.

"Basi uliona nini?"

Nikafikiri. Kofia ya bluu. Mgongo umeinama. Chukudu.

"Na jana, ku mulango ya cachot, uliona nini?"

Kofia ya bluu, nikasema. Mgongo umeinama.

"Ukaita nani?"

Kijana wa Kindu alijibu kwa niaba yangu, tena kwa furaha, akaeleza yote, hata machozi. Askari walicheka, kisha commandant mwenyewe akacheka, kwanza kidogo, akishika mgongo, kisha kabisa. Kanyere hakucheka. Alisema: "Macho ya mwalimu ni mazuri, batu wote baliona ile siku ya kuku. Yaliona kofia. Jina la bwana yangu, macho hapana kuliona. Ni mwalimu alilitia."

Commandant alisema fungua. Mbusa alitoka na vifuniko vyake vya chupa mfukoni.

Nimekaa hapa mezani nikilifikiria jambo hilo. Kilichoonekana, na kile tunachoongeza juu yake. Ni somo zima la muhula wa tatu, na mama Solange amelimaliza akiwa amesimama. Ilunga amesema yeye angeeleza vilevile. Uongo.

Jumapili, 13 Mei.

Jana mbuzi walifika, wakapokelewa na Mbusa mwenyewe, na Solange ametolewa kwa heshima. Mimi nilikuwa mtu wa kamba. Hawakunipa nafasi ya kusema, Kanyere alisema ni kwa ajili ya kupumzisha sauti yangu. Rébecca alikaa karibu yangu, akanichagulia kipande cha samaki kisicho na miiba, akaniuliza kama mwalimu wa mashaka anaweza kuamini kwamba kina chumvi ya kutosha. Sikulala vizuri, kwa sababu nzuri. Rébecca anakaa kwa mama Orpa hadi kesho.

Nimeapa. Tangu leo, kabla ya kusema nimemwona mtu, nitajiuliza nimeona nini hasa.

Saa kumi na mbili asubuhi, nikienda misa ya kwanza, ukungu ukiwa mzito, nimemwona Étienne Ilunga anatoka kwenye ua wa mama Orpa, ananyemelea, na furushi la samaki chini ya kwapa. Kama hatua themanini. Sura sikuiona, alikuwa amenipa mgongo. Lakini mgongo wa Mkatanga yule naufahamu miaka sita sasa.

Huyo ni Ilunga, hakuna mashaka. Nimeshavaa viatu. Namwambia Kanyere tu. Na Mbusa. Na commandant nikimkuta njiani.