Nilivyompeleka Fundi Salim Polisi

Jamani wenzangu wa chuo mlioko Kampala, leo nimeaibika mchana kweupe, tena ndani ya kituo cha polisi.

Jumatatu naanza ualimu. Mkuu wa shule ameandika wazi: bila suti nisije. Wiki tatu zilizopita nilimpa Fundi Salim wa Bondeni kitambaa na shilingi sitini anishonee. Aliahidi Jumatano. Jumatano ikapita. Alhamisi pia. Nikakosa usingizi. (Akilini nilishamwona yuko kwenye treni ya Mombasa na kitambaa changu.)

Leo Ijumaa saa saba nikafika dukani. Mlango wazi, cherehani imefunikwa, fundi hayupo. Ametoroka! Mezani kulikuwa na pasi yake ya makaa. Nikaichukua iwe rehani. (Neno hilo nililisoma chuoni. Sura yenyewe sikuimaliza.) Nikaenda polisi kifua mbele, pasi ikifuka moshi njia nzima.

Sajini alinisikiliza mpaka mwisho. Nilikuwa na hoja saba.

"Huyo fundi alikunyang'anya hizo pesa?"

"Hapana, afande. Nilimpa mwenyewe."

"Basi hayo ni mapatano yenu. Sisi hatudai watu madeni. Nenda kortini ukafungue madai."

"Lakini Jumatatu..."

"Hata ingekuwa leo jioni! Na hiyo pasi?"

"Ni yake, afande. Nimeishika kama rehani." (Nilisema kwa fahari!)

"Alikupa?"

"Hakuwepo."

Sajini akafungua daftari kubwa, akachovya kalamu kwenye wino.

"Sasa hii ndiyo kazi yetu. Vua mshipi na viatu."

Mimi! Mwenye digrii! Nikasimama pale nimeshika suruali kwa mikono miwili huku askari akienda kumtafuta fundi.

Fundi Salim akaingia na kanzu na kofia, anatoka msikitini. Ijumaa! Katika hoja zangu zote saba, hilo sikuliwaza.

"Msamehe, afande," akasema. "Ni mteja wangu. Ana wasiwasi tu." Kisha akanigeukia. "Mwanangu, suti yako iko tayari tangu asubuhi. Nilikuwa nimewasha makaa ili nikitoka kuswali niipige pasi."

Kituo kizima kikacheka. Hata mahabusu!

Nikaachiliwa. Pasi haikuachiliwa. Ilikuwa imeshaandikwa daftarini kama kielelezo, na haitoki mpaka Inspekta aweke sahihi. Inspekta yuko Molo mpaka Jumatatu.

"Nguo za wengine nitaazima pasi kwa jirani," fundi akaniambia tukitoka. "Yako itangoja hiyo pasi uliyoileta polisi."

Kwa hiyo suti nimeichukua hivyo hivyo bila kupigwa pasi, nimeitandika chini ya godoro, na nimelala juu yake tangu saa kumi. Ingenyooka vizuri tu, ila kwa wasiwasi nilio nao najigeuza sana. Mkuu wa shule akiwaandikia kuuliza, tafadhali mjibuni kwamba makunyanzi ndiyo mtindo mpya wa Kampala.