Kitabu cha Nguruwe wa Mfalme

Siku hiyo Andrew aliingia dukani kwa Warsame kuomba moto wa sigara, maana sigara yenyewe alikuwa ameshaiomba kwa mtu mwingine.

Ulikuwa mwaka wa pili tangu vita vya Hitler viishe. Andrew alikuwa amerudi Getembe, mji ambao serikali iliuandika Kisii, akiwa na koti la kaki, mkanda mzuri wa jeshi, kalamu tatu mfukoni, moja tu ikiandika, na miwani iliyotiwa vioo vya dirisha. Shule aliiacha darasa la nne, au shule ilimwacha yeye. Kazi yake ilikuwa kuongea.

Mbele yake mzee mmoja alikuwa ananunua sukari. Warsame akachana ukurasa kutoka kitabu kinene chekundu, akausokota, akamimina sukari ndani. Mzee alipotoka nje aliihamishia sukari kwenye kibuyu, akaulainisha ukurasa juu ya goti, akaukunja vizuri na kuutia kifuani.

"Tata," Andrew akamwuliza, akimwita baba kwa heshima, "karatasi hiyo ya nini tena?"

"Ya serikali, kijana. Huoni maneno yalivyo madogo madogo? Karatasi ya maneno madogo haitupwi. Siku moja mtu atakushtaki, uitoe."

Andrew akasahau sigara. Alirudi dukani mbio.

"Warsame, kitabu hiki umekitoa wapi?"

"Hakimu Mzungu alikwenda kwao, vitu vyake vikauzwa. Kiti kilinunuliwa, beseni likanunuliwa, hata mbwa alipata mtu. Vitabu, wallahi, hakuna aliyevigusa. Nikachukua mzigo mzima. Karatasi ngumu, haivuji chumvi."

"Niuzie hiki."

"Wewe? Una duka la kufungia nini?"

"Nina watu wa kufungia maneno."

Walipatana kwa ule mkanda wa jeshi. Andrew akatoka ameshika kitabu kwa mkono mmoja na suruali kwa mkono wa pili, kama mtu mwenye elimu nyingi kuliko nguo.

Alikisoma kutwa nzima. Kilikuwa kitabu cha msomi, kuhusu mahakama za Uingereza za zamani sana, na kwa Kiingereza cha darasa la nne aliambulia mambo mawili. La kwanza, kulikuwa na kesi ndefu juu ya nani ana haki ya kulisha nguruwe chini ya miti ya mfalme. La pili, mwishoni mwa kitabu palikuwa na kurasa sita tupu. Msomi yule alijipatia kurasa mia nne za kuandika sheria zake, na Mungu akamwachia Andrew sita.

Sasa, msimu ule habari zilikuwa zimeenea kwamba kuna Mzungu anazunguka akiwauliza wazee desturi za Abagusii ili aziandike. Watu walikuwa na wasiwasi, na walikuwa na haki. Desturi iliyo mdomoni unaweza kubishana nayo. Iliyoandikwa utaibishia nini, nayo haina masikio?

Siku ya soko la Suneka, Andrew akakaa penye njia ya kuingilia, kitabu magotini, miwani puani.

"Mimi ni karani wa yule Mzungu," akatangaza. "Kurasa hizi za mwisho ni zetu sisi. Kitakachoandikwa hapa kinakwenda Nairobi, kinapigwa chapa, basi. Mabaraza yote yatakifuata mpaka wajukuu."

Wa kwanza kunasa alikuwa Omwenga, mtu mnene mwenye mabinti sita na mipango mingi.

"Mwanangu," alinong'ona, "ng'ombe wa mahari wameandikwa wangapi?"

"Bado, tata. Mzungu anataka sita."

"Sita! Binti ni kuku? Andika kumi na wawili."

"Tata, kalamu ya serikali ni nzito. Haiinuki hivi hivi."

Omwenga akaleta mbuzi. Kalamu ikainuka, ikaandika kumi na wawili. Hazikupita saa mbili akaja jirani yake, baba wa vijana watano wasio na wake, akaleta kondoo wawili. Kwenye ukurasa uliofuata ng'ombe wakashuka mpaka watatu. Andrew hakuona ubaya. Sheria ni kama blanketi la watu wengi, aliwaza, kila mtu na avute upande wake.

Baada ya wiki tatu ua wa nyuma wa duka la Warsame ulikuwa unalia me! me! kutwa kucha, na Warsame alikuwa amechoka.

"Wanyama hawa wanatoka lini?"

"Jumamosi nawashusha soko la Ogembo, ndugu yangu. Mmoja wako."

"Wawili. Wamekula fagio langu."

Hapo ndipo alipofika Momanyi. Huyu hakuwa na mchezo. Ndugu yake alikuwa amefariki, akaacha mjane, Mokeira, na mabinti wawili, na shamba lenye miche mia mbili ya kahawa iliyokuwa inazaa kwa mara ya kwanza. Momanyi alikuwa amejitolea kumrithi shemeji yake pamoja na kahawa. Mokeira alikuwa amemjibu kwamba kahawa ameiona anavyoitazama, bali yeye mwenyewe hajawahi kutazamwa hivyo. Kwa hiyo Momanyi alikuwa amempeleka ritongo, yaani baraza la wazee la kuamua kesi, limfukuze mjane na shamba limrudie yeye. Kesi ilikuwa Alhamisi.

"Andika hivi," akasema Momanyi. "Mjane asiye na mtoto wa kiume akikataa ndugu wa marehemu, anatoka mikono mitupu. Halafu uje uisome mbele ya wazee. Mtamba mmoja sasa, mmoja baadaye."

Andrew alisita kidogo. Mbuzi wa Omwenga hakuwa ameumiza mtu. Huyu mjane angetolewa nyumbani. Lakini mtamba alikuwa mweusi, mnono, na dhamiri ya Andrew ilikuwa imekonda siku nyingi. Akaandika.

Alhamisi watu walijaa uwanjani kama siku ya sikukuu. Kila aliyekuwa amenunua mstari alikuja kuona kama kitabu kinafanya kazi. Mwenyekiti wa ritongo alikuwa mzee Mogire, mwenye kiti pekee chenye mgongo.

Andrew akafungua kitabu. Akaanza kwa Kiingereza, taratibu, sauti ya kanisani, ile kesi yote ya nguruwe wa mfalme. Wazee wakatikisa vichwa kwa uchungu. Mmoja akafuta jicho. Kisha akageuza ukurasa, akasoma mstari wa mjane kwa lugha ya kwao.

Momanyi akakunja mikono juu ya tumbo kama mtu aliyekwisha kunywa kahawa yake.

"Mokeira," akasema Mogire kwa upole, "umesikia. Kitabu kimekukataa. Una neno?"

Mokeira akasimama. Alikuwa mwanamke mwembamba, na alikuwa amevaa nguo yake ya Jumapili, maana kama ni kufukuzwa, alitaka afukuzwe akiwa safi.

"Wazee wangu, mimi sijui kusoma. Nauliza tu. Kitabu hiki leo si kimekuja kutoa ushahidi?"

"Ndiyo."

"Na mimi nilipotoa ushahidi si niliapishwa? Na shemeji si aliapishwa?"

"Kweli."

"Basi na kitabu kiape kama sisi. Kama hakina mdomo, mwenyewe akiapie."

Wazee wakainamishiana vichwa. Hilo lilikuwa neno la haki.

"Hakuna shida, mama!" akasema Andrew kwa furaha, akanyosha mkono. "Biblia iko wapi?" Alikuwa ameapa kwa Biblia mara tatu kule mjini, na kila mara alikula vizuri baadaye.

"Hapana, mwanangu. Biblia ni ya mambo ya kanisa. Haya ni mambo ya shamba. Omotembe ule pale."

Pembeni mwa uwanja ulisimama ule mti wa maua mekundu, ambao kila Mgusii anajua kazi yake. Unaushika, unasema. Ukisema uongo, emuma, laana ya kiapo, inakufuata nyumbani. Wala haiishii kwako. Inamtafuta na yule aliyekulipa useme, inaingia kwa watoto wake, inaingia kwa ng'ombe wake.

Andrew alikuwa amevuka bahari, amelala chini ya mabomu Burma. Mti ni kuni zilizosimama, akajiambia. Mtamba wa pili alikuwa hatua ishirini tu mbele yake. Akakunja mikono ya koti, akauendea omotembe, akanyosha kiganja.

"Asishike!"

Alikuwa Momanyi, amesimama, uso wote jasho.

"Kwa nini asishike?" akauliza Mogire. "Si shahidi wako?"

"Asishike tu! Nina watoto mimi!"

"Asiape!" Omwenga naye akaruka juu, pamoja na unene wake. "Huyu kijana anaumwa! Mwondoeni mtini!"

Baba wa vijana watano akasimama. Nyuma yake wakasimama wawili, upande wa pili sita, wote wakipiga kelele kwamba mti uachwe upumzike. Hata mzee Mogire matako yake yaliinuka kidogo kitini, ingawa yeye alieleza baadaye kwamba kiti kilikuwa na msumari.

Mokeira alikuwa anawahesabu kwa kidole.

"Kumi na mmoja," akasema. "Wazee, kumbe shahidi mmoja anaweza kuwa na wenyewe kumi na mmoja?"

Kesi haikuchukua muda tena. Momanyi alishindwa, shamba likabaki kwa Mokeira na mabinti zake, kahawa na yote. Andrew akaamriwa atoe wanyama wote, na askari wa baraza akamsindikiza mpaka ua wa Warsame, ambaye aliwaaga kwa kumshukuru Mungu kwa sauti.

"Mokeira ana majani," Mogire akaamua. "Wakae kwake. Kila aliyemlipa huyu kijana aje ritongo, aseme alilipa nini, na alitaka sheria gani iandikwe. Atapewa mnyama wake."

Wiki ikapita. Mwezi ukapita. Hakuna aliyekuja. Wale kumi na mmoja, ukiwauliza, walikuwa wamesimama siku ile kunyosha miguu tu. Andrew alisubiri kwa hamu, akitumaini kwamba wanyama wasio na mwenyewe watamrudia yeye, mpaka Mogire alipomwambia kwamba naye anakaribishwa kudai, mradi aanzie pale kwenye mti. Akaenda zake njia ya Tabaka kutafuta watu wanaonunua mawe ya kuchonga, suruali ikiwa imefungwa kwa kamba.

Mokeira alikuwa anachuma kahawa siku Omwenga alipopita barabarani. Mbuzi wake akamwona. Akalia, akakimbilia ua, akatoa kichwa kati ya miti na kumtazama machoni. Alikuwa na watoto wawili sasa.

"Omwenga!" Mokeira akaita. "Mbuzi huyu anakujua?"

Omwenga akatazama mbingu, akatazama viatu vyake, akakohoa.

"Mbuzi wa siku hizi, mama," akasema akiongeza mwendo, "wanasalimia kila mtu."